Lubaga katika Vitabu vya Takwimu: Kuhesabiwa kwa Watu na Kutohesabiwa kwa Lugha nchini Uganda, 1875–2024

Ikisiri

Vitabu vya marejeo vya takwimu za jamii na uchumi hutumiwa na watafiti wa Kiswahili kama ghala la ushahidi ulio tayari. Makala haya yanadai kwamba vitabu hivyo vina historia yake, na kwamba asiyeijua historia hiyo hupotoshwa na tarakimu zilizo sahihi kabisa. Kwa kukifuatilia kilima cha Lubaga, ambacho leo ni sehemu ya jiji la Kampala, tangu makadirio ya mwaka 1875 hadi sensa ya mwaka 2024, makala yanaonyesha mambo matatu: kwamba idadi ya mwanzo ya watu wa Buganda ilipatikana kwa njia ya Kiswahili, kwamba mpaka wa jiji uliosogezwa mwaka 1968 ulibadili maana ya majedwali yote yaliyofuata, na kwamba Kiswahili chenyewe, kilichosaidia kuhesabu, hakikupata nafasi ya kudumu miongoni mwa vitu vinavyohesabiwa. Makala yanahitimisha kwa mapendekezo kwa wanataaluma wa Kiswahili wa Afrika Mashariki.

1.0 Utangulizi

Neno *takwimu* lina safari yake. Katika Kiarabu, *taqwim* ni kalenda, yaani mpangilio wa siku na miezi. Somo la kukusanya na kuchambua idadi huitwa *ihsaa*. Kiswahili kililichukua neno la kalenda, kikalitumia kwanza kwa maana hiyohiyo, kisha kikalipa kazi ya kutaja tarakimu za nchi. Mabadiliko hayo ya maana yana mantiki. Kalenda na jedwali la idadi ya watu hushirikiana katika jambo moja: kila kimojawapo huupanga ulimwengu uliotapakaa katika safu na mistari, kisha humwachia msomaji aamini kwamba mpangilio huo ndio ulimwengu wenyewe.

Imani hiyo ndiyo inayochunguzwa hapa. Katika mijadala yetu kuhusu nafasi ya Kiswahili nchini Uganda, ni kawaida mzungumzaji kutaja asilimia fulani, akataja kitabu, na mjadala ukaishia hapo. Ni nadra kuulizwa: nani alihesabu, alihesabu eneo lipi, na aliuliza swali gani? Maswali haya ni ya mwanahistoria, lakini yanamhusu mtafiti wa lugha kwa karibu zaidi, kwa kuwa sera za lugha hujengwa juu ya majibu yake.

Lubaga inafaa kuwa uwanja wa uchunguzi huu kwa sababu imepitia karibu kila namna ya kuhesabiwa. Ilikuwa makao ya Kabaka Mutesa I wakati mgeni wa kwanza alipoandika idadi ya watu wa nchi yake. Ilikuwa kituo cha misheni chenye vitabu vya ubatizo na ndoa. Ilikuwa sehemu ya Kibuga, mji wa Kabaka uliokuwa nje ya mipaka ya manispaa ya Kampala. Sasa ni moja ya divisheni tano za jiji, pamoja na Kati, Kawempe, Makindye na Nakawa. Na katika sensa ya mwaka 2014 divisheni hiyo ilikuwa na takriban watu 383,000.

2.0 Idadi iliyopita katika Kiswahili: makadirio ya mwaka 1875

Henry Morton Stanley alifika katika mji mkuu wa Mutesa, Lubaga, mwaka 1875. Mazungumzo yake na Kabaka yalifanyika kwa Kiswahili, lugha ambayo Mutesa na baadhi ya watu wa baraza lake walikuwa wamejifunza kutokana na wafanyabiashara wa pwani. Miongoni mwa wafuasi wa Stanley alikuwamo kijana Dallington, aliyesomeshwa Zanzibar na misheni ya Vyuo Vikuu, ambaye alisaidia kumfasiria Kabaka sehemu za Biblia kwa Kiswahili na akabaki Buganda baada ya msafara kuondoka.

Katika kitabu cha safari alichochapisha mwaka 1878, Stanley alitoa jedwali la himaya ya Mutesa. Buganda aliipa watu 750,000, na himaya nzima, pamoja na nchi zilizolipa ushuru kwa Kabaka, watu 2,775,000. Jedwali hilo lina sura ya uhakika: jina la nchi, ukubwa wake, idadi ya watu wake, na jumla chini yake. Hata hivyo, hakuna aliyepita nyumba kwa nyumba. Msingi wa makadirio ya Stanley ulikuwa jeshi aliloliona likielekea kupigana na watu wa Buvuma, ambalo wapiganaji wake aliwakadiria kuwa 150,000. Msomaji akigawanya 750,000 kwa 150,000 atapata tano kamili. Ulinganifu huo unatosha kumfanya ajiulize iwapo idadi ya raia ilikuwa kitu tofauti na idadi ya askari iliyozidishwa.

Haidhuru sana kama Stanley alikosea kwa kiasi gani. La kuzingatia ni kwamba makadirio hayo yaliingia katika vitabu na kurudiwa na waandishi waliomfuata, hata yakawa kipimo cha kupimia kama watu wa Buganda walikuwa wakiongezeka au wakipungua baada ya vita vya dini na maradhi ya malale. Robert Kuczynski, katika uchunguzi wake mkubwa wa demografia ya makoloni ya Uingereza ambao juzuu yake ya pili, inayohusu Afrika Mashariki, ilitoka mwaka 1949, alifanya kazi ngumu ya kuyarudia makadirio kama haya moja baada ya jingine na kuonyesha jinsi yalivyokosa msingi. Kitabu chake kingali mfano bora wa kitabu cha marejeo kinachomfundisha msomaji kutoamini vitabu vya marejeo kwa upofu.

3.0 Daftari la misheni na daftari la kodi

Wamisionari wa kwanza wa Shirika la Mapadri Weupe, Padri Siméon Lourdel na Bruda Amans, waliwasili Buganda Februari 1879. Baada ya misukosuko ya miaka ya 1880, kilima cha Lubaga kilikuwa makao ya Wakatoliki. Kanisa lao liliteketezwa katika vita vya Mengo vya Januari 1892, likajengwa upya, na kanisa kuu linaloonekana leo lilijengwa kati ya mwaka 1914 na 1925. Mwaka 1899 masista wa shirika hilo walianzisha huduma iliyokuja kuwa Hospitali ya Lubaga.

Kanisa Katoliki lina desturi ya kuandika. Kila ubatizo, ndoa na maziko huingizwa kitabuni pamoja na jina, tarehe na wahusika. Na Mapadri Weupe waliongeza juu yake shajara za vituo na ripoti za mwaka zenye idadi ya wabatizwa na wakatekumeni. Tofauti kati ya daftari hili na jedwali la Stanley ni ya msingi. Jedwali huanza na jumla na halimjui mtu yeyote. Daftari la parokia huanza na mtu mmoja mwenye jina, na jumla huja baadaye kwa kujumlisha.

Kwa muda mrefu sajili hizi zilionekana kuwa mali ya kanisa tu. Katika miaka ya karibuni, wanahistoria wa uchumi wamezigeuza kuwa chanzo cha takwimu za jamii. Felix Meier zu Selhausen na Jacob Weisdorf, katika utafiti wao wa mwaka 2016, walitumia sajili za ndoa za kanisa kuu la Kianglikana la Namirembe, kilima kinachotazamana na Lubaga, kwa kipindi cha mwaka 1895 hadi 2011. Kwa kuangalia nani alitia saini na nani aliweka alama tu, na kazi zilizotajwa za maharusi na baba zao, walionyesha kwamba wanawake waliosoma misheni walipata ujuzi wa kusoma na kuandika kwa kasi, lakini nafasi za kazi za mshahara za zama za ukoloni ziliwaendea wanaume. Shane Doyle, katika kitabu chake cha mwaka 2013 kuhusu uzazi na vifo katika Afrika Mashariki kabla ya UKIMWI, naye alionyesha thamani ya sajili za parokia kwa historia ya watu wa ukanda huu.

Sambamba na daftari la misheni lilikuwako daftari la kodi. Mkataba wa Buganda wa mwaka 1900 uliweka kodi ya rupia tatu kwa mwaka kwa kila kibanda kinachokaliwa na watu, na rupia tatu nyingine kwa bunduki. Serikali ya himaya ilipotaka kujua idadi ya watu, ilikuwa rahisi kuhesabu vibanda na kuzidisha. Lakini kodi ya kibanda huwafanya watu wajibane katika vibanda vichache. Chombo cha kupimia kilikuwa kikibadilisha kile kilichopimwa. Hesabu za mwaka 1911, 1921 na 1931, zilizotoa takriban watu milioni 2.5, milioni 2.9 na milioni 3.5 kwa nchi nzima, zilitegemea sana machifu, ambao pia ndio waliokuwa wakusanyaji wa kodi. Mwananchi aliyeulizwa na mtu huyohuyo maswali mawili, la idadi na la kodi, alikuwa na sababu nzuri ya kujibu la kwanza kwa tahadhari.

Tarakimu hizo ziliwekwa katika vitabu vya mwaka vya serikali vilivyojulikana kama Vitabu vya Buluu, ambavyo viliendelea hadi miaka ya 1940. Vichwa vya majedwali yake vilifanana katika makoloni yote ya Uingereza: mapato, matumizi, biashara, elimu, magereza. Karani wa Entebbe alijaza safu zilizopangwa London. Lugha haikuwa safu ya kawaida, na kwa hiyo suala ambalo halikuwa na safu halikuwa na idadi.

Athari ya jambo hilo ilionekana mapema. Gavana William Gowers alipopendekeza mwaka 1927 Kiswahili kitumike katika elimu na utawala sehemu kubwa ya Uganda, na Kabaka Daudi Chwa alipojibu kwa kupinga mwaka 1929, kila upande ulizungumza kuhusu wenye kukijua na wasiokijua Kiswahili. Hapakuwa na kitabu cha takwimu ambacho ungeweza kukifungua ili kuuamua ubishi huo. Ulikuwa mjadala wa siasa, ardhi na heshima ya ufalme, nao ungekuwa hivyo hata kama idadi ingekuwapo. Lakini kukosekana kwake kuliacha kila dai likielea.

4.0 Mji uliokuwa nje ya mji: 1948 hadi 1969

Kuundwa kwa Kamisheni Kuu ya Afrika Mashariki mwaka 1948 kulileta Idara ya Takwimu ya Afrika Mashariki, na mwaka huohuo ilifanyika sensa iliyokuwa ya kisasa zaidi ya zote zilizotangulia. Uganda ilionekana kuwa na watu milioni 4.9, sensa ya mwaka 1959 ilitoa milioni 6.5. Sensa hizi mbili ziliwahesabu Waafrika na wasio Waafrika kwa nyakati tofauti na kuchapisha ripoti tofauti. Mtafiti anayetaka idadi kamili ya mji mmoja analazimika kufungua vitabu viwili na kujumlisha yeye mwenyewe watu ambao serikali iliwatenganisha.

Ugumu mkubwa zaidi ulikuwa wa mpaka. Kampala ya manispaa na Kibuga cha Mengo ilikuwa miji miwili iliyogusana lakini yenye tawala mbili. Manispaa ilikuwa chini ya serikali ya kikoloni. Kibuga, pamoja na Lubaga, kilikuwa chini ya serikali ya Kabaka. Mtu aliyelala Lubaga na kufanya kazi Nakasero alivuka mpaka huo kila siku, lakini katika jedwali la watu wa manispaa ya Kampala hakuwapo. Wataalamu wa Taasisi ya Utafiti wa Jamii ya Afrika Mashariki, iliyokuwa Makerere na iliyoongozwa na Audrey Richards, ndio waliojaribu kuliziba pengo hilo. Kitabu kilichohaririwa na Richards mwaka 1954 kuhusu wahamiaji wa kazi katika Buganda, uchunguzi wa Aidan Southall na Peter Gutkind wa mwaka 1957 kuhusu Kisenyi na Mulago, na kitabu cha Gutkind cha mwaka 1963 kuhusu mji wa kifalme wa Buganda, vilitoa picha ya watu ambao vitabu vya serikali viliwaweka pembeni.

Tuone matokeo ya mpaka huo katika tarakimu. Sensa ya mwaka 1959 iliipa Kampala watu 46,735. Sensa ya mwaka 1969 iliipa 330,700. Msomaji asiyejua historia atafanya hesabu na kupata ongezeko la mara saba katika miaka kumi, yaani zaidi ya asilimia 20 kila mwaka, wakati ambapo nchi nzima iliongezeka kutoka milioni 6.5 hadi milioni 9.5, sawa na chini ya asilimia 4 kwa mwaka. Ataandika kuhusu mafuriko ya watu kutoka vijijini. Ukweli ni kwamba mwaka 1968 mipaka ya jiji ilipanuliwa ikaimeza Mengo, Lubaga na maeneo mengine. Wengi wa hao walioongezeka hawakuhama hata hatua moja. Ni mpaka uliowaendea.

Nao mpaka huo haukusogezwa katika ombwe. Mwaka 1966 Kabaka Mutesa II alikimbilia uhamishoni baada ya jeshi kushambulia ikulu yake, na katiba ya mwaka 1967 ilifuta falme. Kibuga hakikuwa tena na serikali ya kukitetea. Hivyo, nyuma ya ongezeko la watu katika jedwali moja kuna kuanguka kwa dola. Kitabu cha marejeo kinachoziweka idadi za mwaka 1959 na 1969 bega kwa bega bila tanbihi hakisemi uongo. Kinanyamaza mahali ambapo kunyamaza kunapotosha.

Lipo pia tatizo dogo la tahajia ambalo kila mtumiaji wa faharasa hukutana nalo. Kwa kanuni ya tahajia ya Kiganda, herufi *r* huandikwa baada ya *e* na *i*. Kwingineko, pamoja na mwanzoni mwa neno, huandikwa *l*. Kwa hiyo jina ni Lubaga. Lakini wageni wa karne ya 19 waliandika Rubaga, na umbo hilo limedumu katika ramani, ripoti na vitabu vingi. Mtafiti anayetafuta chini ya L pekee atapata nusu ya historia ya kilima hiki.

5.0 Lugha isiyo na safu

Sensa ya mwaka 1980, iliyofanyika muda mfupi baada ya vita vilivyomwondoa Idi Amin, ilitoa jumla ya watu milioni 12.6, lakini uchambuzi wake haukuchapishwa kwa ukamilifu. Sensa zilizofuata zilirejesha mfululizo: milioni 16.7 mwaka 1991, milioni 24.2 mwaka 2002, milioni 34.6 mwaka 2014 na milioni 45.9 mwaka 2024. Sheria ya mwaka 1998 iliunda Ofisi ya Takwimu ya Uganda, UBOS, ambayo hutoa kila mwaka Muhtasari wa Takwimu, kitabu ambacho mtafiti yeyote wa jamii ya Uganda hana budi kuwa nacho.

Katika ripoti za sensa hizo, msomaji hupata dini na kabila. Atajua kwamba Wakatoliki walikuwa asilimia 41.9 mwaka 2002 na asilimia 39.3 mwaka 2014. Atajua idadi ya Wabaganda, Wanyankole, Wasoga na Waiteso. Atajua pia kiwango cha kusoma na kuandika, kinachofafanuliwa kuwa uwezo wa kusoma kwa kuelewa na kuandika kwa lugha yoyote. Maneno hayo mawili, *lugha yoyote*, yana maana kubwa kwetu. Anayesoma Kiganda, anayesoma Kiingereza na anayesoma Kiswahili huingia katika safu moja, na hapo Kiswahili hutoweka. Kabila nalo haliwezi kujaza nafasi ya lugha, kwa kuwa Kiswahili nchini Uganda ni lugha ya pili ya watu wa makabila mengi kuliko kuwa lugha ya kabila moja.

Kwa sababu hiyo, idadi inayotajwa mara nyingi zaidi ingali ile ya utafiti wa lugha uliofanywa mwishoni mwa miaka ya 1960 kwa ufadhili wa Ford Foundation na kuchapishwa mwaka 1972 na Peter Ladefoged, Ruth Glick na Clive Criper. Utafiti huo ulionyesha kwamba takriban asilimia 39 ya watu waliweza kuzungumza Kiganda, asilimia 35 Kiswahili na asilimia 21 Kiingereza, huku wanaume wenye kujua Kiswahili wakiwazidi wanawake kwa mbali. Mwaka huohuo Carol Myers Scotton alichapisha uchunguzi wake kuhusu uteuzi wa lugha miongoni mwa wafanyakazi wa Kampala, ulioonyesha nafasi ya Kiswahili pale watu wa makabila mbalimbali walipokutana kazini. Hizi ni kazi za thamani. Lakini zilifanywa wakati Uganda ilikuwa na watu chini ya milioni 10. Zilitangulia utawala wa Amin na vita vya miaka ya 1980, na zilitangulia Jumuiya ya Afrika Mashariki iliyofufuliwa.

Wakati huohuo sera imesonga mbele. Marekebisho ya katiba ya mwaka 2005 yalikifanya Kiswahili kuwa lugha rasmi ya pili, na Julai 2022 baraza la mawaziri liliidhinisha hatua za kukitekeleza, ikiwamo ufundishaji wake katika shule za msingi na sekondari. Walimu wangapi wanahitajika Lubaga? Watoto wangapi hukisikia nyumbani, na wangapi hawakisikii kabisa? Je, pengo kati ya wanaume na wanawake lililoonekana mwaka 1972 bado lipo? Mpangaji anayejibu maswali haya leo kwa asilimia 35 anafanya kosa la jamaa na lile la kupima Buganda ya mwaka 1911 kwa jeshi la mwaka 1875.

Tanzania inatoa mfano wa upande wa pili. Tangu sensa ya mwaka 1967 swali la kabila halikurudishwa, na matokeo ya sensa ya mwaka 2022, iliyohesabu watu milioni 61.7, yametolewa pia kwa Kiswahili. Huko Kiswahili ni lugha ya kitabu cha takwimu. Nchini Uganda hakijawa hata mada yake.

6.0 Hitimisho na mapendekezo

Historia ya Lubaga katika vitabu vya takwimu imetuonyesha kwamba tarakimu hubeba ndani yake njia iliyotumika kuipata, mpaka uliochorwa kabla yake, na swali lililoulizwa au kuachwa. Makala haya yanapendekeza mambo manne.

Kwanza, wanataaluma wa Kiswahili wanaotaja idadi ya wazungumzaji nchini Uganda wataje daima mwaka wa ukusanyaji, si mwaka wa uchapishaji tu, na eneo lililohusika. Pili, vyama vya Kiswahili vya ukanda huu viiombe UBOS, kwa maandishi na mapema kabla ya sensa ijayo, iongeze maswali mawili mafupi: lugha inayotumika zaidi katika kaya, na lugha nyingine ambazo mhojiwa anaweza kuzungumza. Pale ambapo gharama ya sensa haitaruhusu, tafiti za sampuli za kaya zinatosha kwa kuanzia. Tatu, vyuo vikuu viandae kwa Kiswahili mwongozo wa vyanzo vya takwimu vya Uganda, wenye maelezo ya mipaka na majina yaliyobadilika, ikiwa ni pamoja na Lubaga na Rubaga. Nne, sajili za parokia zihifadhiwe na kunakiliwa kwa idhini ya makanisa yenyewe na kwa kulinda faragha ya watu walio hai, kwani ndizo zinazoweza kutuonyesha majina, kazi na uhamaji wa watu kwa kina ambacho sensa haifikii.

Mwaka 1875 Kiswahili kilitumika Lubaga kumwezesha mgeni kuandika idadi ya watu wa nchi ya wenyewe. Karibu miaka 150 baadaye, nchi hiyo ina ofisi yake, sheria yake na makarani wake wa sensa. Kilichobaki ni wenye lugha kuomba wahesabiwe.